Hesabu ya Kidato cha Tatu inayoweza kuokoa kibanda chako cha juisi

KILA mwaka swali ni lile lile, na hutoka madawati ya nyuma: "Mwalimu, hii nayo tutaitumia wapi maishani?" Mara nyingi huulizwa siku ya grafu za kwadrati, ule mkunjo wenye umbo la bakuli ambao unatakiwa uuchore kwa penseli iliyochongwa vizuri, halafu useme unakata mhimili wa x wapi. Mwalimu aliyechoka hujibu, "Utaitumia kwenye mtihani," darasa linacheka, na maisha yanaendelea.

Jibu hilo si la uongo, ila linaacha utamu wote nje. Hebu tutoke darasani kidogo, twende mtaani.

Chukua kijana aliyefungua kibanda cha juisi ya maembe karibu na steji ya matatu. Huyu ni wa mfano tu, lakini ukizunguka mitaa ya Nairobi, Mombasa au Kisumu utakutana na wenzake wengi. Kila glasi inamgharimu Sh30: embe, sukari, maji safi, kikombe. Juu ya hapo kuna gharama ambazo hazijali kama ameuza au amekaa tu akipiga miayo: kodi ya kibanda, umeme wa blenda na friji, ada ya kanjo, malipo ya msaidizi. Tuseme hizo ni Sh1,200 kwa siku.

Alianza kuuza kwa Sh50, akapata wateja 100 kwa siku. Akapandisha bei hadi Sh60, wakashuka hadi 80. Yaani kila shilingi kumi anayoongeza inamfukuzia wateja 20. Ukifuata mwendo huo, Sh40 ingemletea wateja 120, na Sh100 isingemletea hata mmoja. Ni kweli binadamu hawatembei kwenye mstari ulionyooka namna hiyo. Ila kwa mtu aliye na bei mbili tu alizozijaribu, haya ni makadirio mazuri kuliko kubahatisha.

Sasa piga hesabu ya faida. Kwa Sh50, kila glasi inamwachia Sh20. Mara 100 ni Sh2,000, toa Sh1,200 za gharama za siku, anabaki na Sh800. Kwa Sh60 anabaki na Sh1,200. Kwa Sh70, tena Sh1,200. Kwa Sh80 amerudi Sh800.

Umeona kinachoendelea? Pesa zilipanda, zikafika mahali, zikaanza kuteremka. Endelea hadi Sh90: glasi 20, kila moja ikimwachia Sh60, ni Sh1,200. Zote zinaliwa na gharama za siku. Sufuri. Geuka upande wa pili, Sh40: glasi 120, kila moja Sh10, tena ni Sh1,200, na zote zimeliwa. Sufuri nyingine.

Hapo ndipo jirani yake anapoingia, yule wa ng'ambo ya barabara anayeuza Sh35 na foleni yake inafika hadi kwa mwenye kushona viatu. Ikiwa gharama na wateja wao ni sawa, jirani anauza glasi 130 na kila moja inamwachia Sh5. Hizo ni Sh650. Toa Sh1,200. Anapoteza Sh550 kila siku huku mikono ikimuuma kwa kusaga maembe. Mtaa mzima unamsifu kwamba biashara imeshika. Mfuko wake unajua mengine.

Chora sasa hizo namba kwenye karatasi. Bei zikae chini, kwenye mhimili mlalo, ule unaoitwa wa x. Faida ikae kwenye mhimili wima, wa y. Utapata mkunjo kama kilima: unatoka chini ya mstari wa sufuri, unaupenya kwenye 40, unapanda, unateremka, unaupenya tena kwenye 90 na kuzama. Sehemu iliyo juu ya mstari ni faida. Iliyo chini ni hasara. Zile sehemu mbili ambapo mkunjo unakata mhimili mlalo ndizo mwalimu alikuwa anazitafuta siku ile. Kwa kijana wetu ni mipaka ya biashara: chini ya Sh40 anawalipia watu wanywe juisi, juu ya Sh90 anawafukuza.

Kuna zawadi nyingine hapo. Mkunjo wa kwadrati una pande mbili zinazolingana kabisa kama mbawa za kipepeo, kwa hivyo kilele chake kiko katikati ya sehemu hizo mbili. Katikati ya 40 na 90 ni 65. Kwa Sh65 anauza glasi 70, kila moja ikimwachia Sh35. Hiyo ni Sh2,450, na baada ya gharama anabaki na Sh1,250. Kulingana na makadirio haya hakuna bei itakayompa zaidi ya hapo, hata ajaribu vipi.

Lakini huwezi kuwa unajaribu bei moja baada ya nyingine hadi ukumbane na sufuri kwa bahati. Ndiyo maana tunaandika mlinganyo. Ita bei x. Glasi anazouza ni 200 toa 2x (jaribu kuweka 50 uone kama hupati 100). Kila glasi inamwachia x toa 30. Zidisha hivyo viwili, toa 1,200, na faida yake inakuwa:

y = −2x² + 260x − 7,200

Ile alama ya kutoa mbele ya x² ndiyo inayofanya mkunjo uwe kilima. Ingekuwa ya kujumlisha, tungepata bonde.

Kwenye mhimili mlalo kila kitu kina y sawa na sufuri. Hiyo ndiyo siri yote ya mada hii, na ajabu ni kwamba wengi huhitimu bila kuambiwa waziwazi. Ukiulizwa grafu inakata mhimili wa x wapi, unaulizwa tu: x ni ngapi wakati y ni sufuri? Weka sufuri badala ya y, gawanya kila kitu kwa −2 ili namba zipungue, unabaki na x² − 130x + 3,600 = 0.

Njia ya kwanza ni kuvunja. Tafuta namba mbili ambazo ukizizidisha zinatoa 3,600 na ukizijumlisha zinatoa 130. Ni 40 na 90. Kwa hivyo mlinganyo ni (x − 40)(x − 90) = 0. Vitu viwili vikizidishwa vikatoa sufuri, lazima kimoja wapo kiwe sufuri. Ama x ni 40, ama ni 90. Tumefika pale pale tulipofika kwa kusaga maembe.

Hapa niwaonye wale wenye haraka. Tuseme golikipa amepiga mpira juu na kimo chake kwa mita ni 20t − 5t², ambapo t ni sekunde. Unaulizwa mpira uko chini lini. Wengi hugawanya kwa t upesi, wakapata sekunde 4, wakafunga kitabu. Wameua jibu moja. Ukitoa t nje ya mabano vizuri, t(20 − 5t) = 0, unapata t ni 0 pia, yaani wakati ule mguu ulipougusa mpira. Usigawanye kwa kitu ambacho huenda ni sufuri.

Turudi darasani dakika moja, maana kuna wasomaji wetu ambao KCSE inawangoja na juisi haiwahusu kwa sasa. Katika Karatasi ya Pili ya Hisabati, Sehemu ya Pili ina maswali manane na unachagua matano, kila moja alama 10. Swali la grafu likitokea ni rafiki, kwa sababu linakupa alama kwa mpangilio: jaza jedwali, chora, soma majibu. Anayelikimbia anakimbia pesa za bure.

Chukua y = x² − x − 6, x ikianzia −3 hadi 4. Jedwali lako linafaa kusomeka 6, 0, −4, −6, −6, −4, 0, 6. Mtego wa kwanza uko kwenye −3. Ukibonyeza kikokotoo −3² bila mabano, kinakupa −9, na jedwali lote linapinda. Weka mabano. Mtego wa pili uko kule chini, ambapo −6 imejirudia mara mbili. Mwanafunzi huchukua rula na kuziunganisha kwa mstari ulionyooka, bakuli likawa na kitako bapa kama sufuria. Mkunjo wa kwadrati hauna kitako bapa. Katikati ya 0 na 1 unateremka kidogo zaidi, hadi −6.25. Chora kwa mkono, taratibu, ukizungusha karatasi ikibidi.

Mkunjo unakata mhimili kwenye −2 na 3. Hadi hapo sawa. Kisha linakuja lile swali linalowatoa watu jasho: "Kwa kutumia grafu yako, tafuta majibu ya x² − 2x − 3 = 0." Watu wengi hudhani wanatakiwa kuchora grafu nyingine. La. Chukua mlinganyo wa grafu uliyo nayo, utoe huu mpya ndani yake. x² zinauana. −x toa −2x ni x. −6 toa −3 ni −3. Unabaki na y = x − 3, mstari ulionyooka. Uchore juu ya grafu ile ile, usome unakutana na mkunjo wapi: kwenye −1 na 3. Basi. Na swali likisema utumie grafu, onyesha kwamba umeitumia. Usijifiche kwenye kikokotoo halafu uandike majibu yameshuka kutoka mbinguni.

Mbinu hiyo ya mstari ina kazi mtaani pia. Kijana wetu akisema hataki tu kuepuka hasara, anataka angalau Sh800 kwa siku za kulipa karo ya mdogo wake, anachora mstari mlalo kwenye 800 na kusoma unakata mkunjo wapi. Ni kwenye 50 na 80. Bei yake ikikaa kati ya hapo, karo ipo.

Sasa, hesabu hizi hazikuzaliwa Uingereza wala hazikuletwa na mtihani. Vibao vya udongo vya Babeli, vya karibu miaka 3,800 iliyopita, vina maswali ya aina hii, mengi yakihusu pande na maeneo ya miraba. Aliyeziweka kwa mpangilio uliotapakaa duniani ni Muhammad ibn Musa al-Khwarizmi, msomi aliyefanya kazi Baghdad katika karne ya 9. Neno aljebra limetoka kwenye jina la kitabu chake, al-jabr, ambalo mzizi wake wa Kiarabu ndio uliotupa Jabari. Na jina lake yeye mwenyewe, lilipopita kwenye ndimi za Wazungu, ndilo likawa algoridhimu. Kwa hivyo kila mara unapolalamika kwamba algoridhimu ya TikTok imekuficha, unamtaja mzee huyo.

Mfano wake maarufu ni x² + 10x = 39. Hakuwa na grafu, wala herufi x hakuwa nayo. Alichora mraba wenye upande x. Ile 10x akaikata mara mbili, akapata mistatili miwili yenye upana 5, akaibandika kwenye pande mbili za mraba. Umbo likawa karibu mraba mkubwa, ila kona moja imekosekana, yenye ukubwa wa 5 mara 5, yaani 25. Akaijaza. 39 jumlisha 25 ni 64. Mraba wenye eneo la 64 una upande wa 8. Toa 5, x ni 3. Jaribu kuuchora kwenye karatasi. Inachukua dakika mbili na hutaisahau.

Al-Khwarizmi aliishia kwenye 3. Ukichora grafu yake leo, utaona inakata mhimili mahali pengine pia, kwenye −13. Hakuihesabu, kwa sababu shamba halina upande wa hasi 13, na yeye alikuwa anapima vitu vinavyoshikika. Grafu inatoa majibu yote. Wewe ndiye unayeamua lipi linaingia kwenye maisha yako. Mtahini akitaka yote mawili, andika yote mawili. Fundi akitaka urefu wa mbao, usimpelekee −13.

Ile kazi ya kujaza kona ndiyo iliyozaa fomyula tunayokariri. Ukiifanya kwa ax² + bx + c = 0 badala ya namba, unapata kwamba x ni −b, jumlisha au utoe kipeuo cha pili cha b² − 4ac, halafu vyote kugawanywa kwa 2a. Watu huiimba kama wimbo wa taifa bila kujua ni mraba uliokosa kona.

Utaihitaji lini? Msimu wa maembe ukiisha. Embe zimeadimika, na glasi ya kijana wetu sasa inamgharimu Sh40 badala ya Sh30. Wateja ni wale wale, gharama za siku bado Sh1,200. Mlinganyo mpya, ukishagawanya kwa −2, ni x² − 140x + 4,600 = 0. Tafuta namba mbili nzima zinazozidishana kutoa 4,600 na kujumlishana kutoa 140. Utatafuta hadi usiku. Hazipo. Fomyula haijali: 140 mraba ni 19,600, toa 4 mara 4,600 ambayo ni 18,400, unabaki na 1,200. Kipeuo chake cha pili ni kama 34.64. Majibu ni karibu 52.68 na 87.32.

Tafsiri yake: bei ya chini kabisa isiyomtia hasarani sasa ni Sh53, na ya juu Sh87. Kama alibaki kwenye Sh50 kwa kuogopa wateja watanuna, amehama kutoka faida ya Sh800 hadi hasara ya Sh200 kila siku, bila kubadilisha chochote, na huenda hataiona hadi mwisho wa mwezi. Bora mteja anune.

Ile 1,200 iliyobaki ndani ya kipeuo isikupite. (Imefanana na gharama za siku kwa bahati tu, usizichanganye.) Namba hiyo, b² − 4ac, inakwambia mambo kabla hujamaliza hesabu. Ikiwa juu ya sufuri, mkunjo unakata mhimili mara mbili. Ikiwa sufuri kamili, unaugusa tu na kurudi. Ikiwa hasi, hauufikii kabisa, na kikokotoo chako kitaandika kuna kosa, ingawa kosa hakuna. Kimekupa habari mbaya tu. Ukitaka kuona kwa macho, programu kama GeoGebra na Desmos zinachora mkunjo bure kwenye simu. Badilisha namba ya mwisho kidogo kidogo uone kilima kikizama.

Na kilima huzama hivi. Msimu huo huo mbaya, mwenye kibanda anapandisha kodi, stima nayo inapanda, na gharama za siku zinatoka Sh1,200 hadi Sh1,800. Mlinganyo ni x² − 140x + 4,900 = 0. Ndani ya kipeuo: 19,600 toa 19,600. Sufuri. Mkunjo unagusa mhimili mahali pamoja tu, kwenye 70. Kwa Sh70 anauza glasi 60, kila moja inamwachia Sh30, anapata Sh1,800 na kuzitoa zote. Bei nyingine yoyote ni hasara.

Gharama zikifika Sh2,000, namba ya ndani inakuwa −400. Rafiki zake watamshauri ashushe bei avute watu. Wengine watamwambia apandishe kidogo. Wote wanabishana kuhusu x ambayo haipo. Kilichobaki mezani ni vitu vingine: kikombe kidogo zaidi, tunda lililo kwenye msimu, kibanda cha kodi nafuu, au kufunga hadi maembe yarudi.